Mikrobe ya Lubiba na Ndege ya Muheshimiwa

Mwamini, mwanangu,

Hutapanda ile ndege. Nakuandikia hili kwanza ili lisikuvizie mwishoni mwa barua. Wewe umeenda kuaga kwa shangazi zako, jua bado liko juu ya paa la jiko, na mjumbe wa Muheshimiwa, mbunge wetu, ameondoka hapa sasa hivi na moto, pikipiki yake. Ameondoka na kila ulichoahidiwa: tikiti ya kutoka Kindu mpaka Kisangani unakokwenda kuendelea na masomo, chumba cha mjini, na ile ordinateri, kompyuta uliyokwisha kuiota. Nimekataa mimi, kwa mdomo wangu, mbele ya baba yako mdogo Salumu, bila kukungoja urudi. Utakasirika. Kasirika, lakini soma mpaka chini, halafu ukasirike vizuri.

Mambo ya chandarua, ya kuchemsha maji, ya nani umfungulie mlango na nani umwache abishe, sitayaandika. Ukifika umri huu bila kuyajua, karatasi haitakusaidia.

Nianze na mikrobe yenyewe, kwa jinsi nilivyoielewa, unisahihishe nikipotea. Ulipokuwa unasoma Kindu, ulikuja likizo ukachota maji ya shimo langu la kuloweka muhogo, kule kwenye kijito cha Lubiba, ukaenda nayo ndani ya chupa kwa ajili ya kazi yako ya kumaliza masomo. Ukaotesha mikrobe zake kwenye visahani mpaka ukapata moja iliyo peke yake, isiyochanganyika na nyingine. Mwalimu wako akaituma labo, maabara ya Kisangani. Kule kwanza wakaipanga kwenye jenasi ya zamani, kwa kuangalia sura na tabia: vijiti vifupi, haipendi hewa, inalainisha muhogo na kuutia uchachu kama jamaa wengine wa jenasi ile. Baadaye wakasoma jeni zake, wakakuta wameipeleka nyumba isiyo yake. Wakatafuta nyumba nyingine ya kuipokea, hawakuona hata moja. Ndipo ikabidi ifunguliwe jenasi mpya, ukoo wake yenyewe, wenye jina lake. Na profesa wa labo ile akakupigia simu, mimi nimesimama nyuma yako nikiwa na unga mikononi, nikamsikia akisema, “Mwanafunzi aliyeitoa ndiye apendekeze jina.”

Ulipiga kelele mpaka kuku wakatawanyika. Mimi nilijua palepale kwamba jina hilo litatuletea wageni.

Hawakuchelewa. Salumu alisikia asubuhi, na kufika jioni soko lote la Kabambare lilikuwa linajua kwamba mtoto wa kaka yake amegundua kitu kinachotafutiwa jina. Muheshimiwa akakuahidi ndege kwa mdomo wa Salumu, bila kutaja bei. Leo mjumbe akaja kuitaja, miwani myeusi, viatu vyeupe mpaka uwanjani kwangu, na unajua mwenyewe hali ya uwanja wangu baada ya mvua. Nilimpa kiti. Salumu alisimama karibu yake kama shahidi wa ndoa.

“Mama, Muheshimiwa iko na furaha mingi sana,” akaanza. “Anataka kubeba huyu mutoto.”

“Kumbeba kwenda naye wapi?”

“Kumusaidia, Mama. Ndege, nyumba, vyote. Yeye anaomba kitu kimoja kidogo tu, ile ugunduzi iitwe jina ya ukoo wake.”

“Muheshimiwa anajua ni kitu gani?”

“Ameambiwa ni ugunduzi.”

“Ni mikrobe.”

Akavua miwani. “Mikrobe ya ugonjwa?”

“Hapana, ya muhogo. Inaishi mu matope, inakula maganda.”

“Haiui batu?”

“Hii haiui. Hii tu.”

Salumu, shemeji yangu, akakohoa. “Mulamu, usicheze na bakubwa.”

“Sichezi, mulamu. Naeleza bidhaa. Mutu akinunua, ajue anabeba nini.”

Mjumbe ni kijana wa watu, hakukasirika. Aliuliza tu, kwa sauti ya chini, kama angeweza kumwambia Muheshimiwa kwamba ni mmea. Nikamwambia hapana. Ndipo akaweka kisu mezani: jina likiwekwa, Mwamini anapanda ndege wiki hii. “Na lisipowekwa?” nikamuuliza. “Basi, Mama, barabara iko.” Nikamjibu, “Ndiyo, iko. Ndiyo iliyonilea.” Akaenda zake. Salumu amebaki anazunguka nyumba akisema peke yake, na bado namsikia.

Sasa sikiliza sababu, maana sikukataa kwa kiburi peke yake. Kiburi kilikuwapo, sikatai.

Uliniambia mwenyewe, tukimenya muhogo, kwamba jina la mikrobe likishatangazwa kwa kanuni, haliondoki. Mbegu hai inawekwa kwenye hifadhi mbili za nchi mbili, maelezo yanachapishwa, na kuanzia hapo hata aliyelitoa akijuta, jina linabaki. Hata likionekana baya, linabaki, kwa sababu ndilo lililotangulia. Nilikuuliza mara mbili nikidhani sikusikia. Sisi huku tumeona picha ngapi zikishushwa ukutani ofisini? Mkubwa anakuja, shule inapewa jina lake, anaondoka, rangi inapakwa juu, mwingine anaandikwa. Hesabu yangu ni rahisi: Muheshimiwa anataka jina kabla ya uchaguzi, na uchaguzi ukipita atakuwa amesahau hata kama mikrobe ile ina vijiti au ina miguu. Lakini wewe utaamka nalo mpaka uwe bibi. Mwanafunzi mwenzako atakuuliza, “Huyu alifanya nini?” na utajibu nini? Kwamba alilipa ndege?

Kuna jambo lingine, la kwangu, na hili linaniuma zaidi.

Unajua baba yako alipokufa, ukoo wake ulikaa kugawa mashamba. Ulikuwa mdogo, ulilala mapajani mwangu kikao kizima. Salumu huyuhuyu ndiye aliyekuwa akipanga watu: hawa wa nyumba, hawa wa pembeni, hawa wageni. Mimi akanipanga na wageni. Nikamwambia, “Mulamu, nimelima hapa tangu nilipoolewa.” Akasema, “Wewe unaota ndoto mu Kizimba.” Watu wakacheka. Ilikuwa kweli, usingizini naongea lugha ya kwetu, baba yako alikuwa akiwasimulia. Nikaenda kwetu Kasongo. Kaka yangu akanipa chakula, akanipa mkeka, na asubuhi akaniambia taratibu, “Dada, wewe ulishaolewa. Ukahesabiwe kule.” Kwa hesabu ya Kabambare nilikuwa wa Kasongo, kwa hesabu ya Kasongo nilikuwa wa Kabambare. Jumlisha mwenyewe uone inatoka ngapi.

Ndiyo maana nilicheka ulipoleta habari kwamba mikrobe imefukuzwa kwenye jenasi ya kwanza na haikupata ya pili. Ulidhani nacheka ujinga wa wale walioipanga kwa sura. Nilikuwa nacheka kwa sababu niliijua ile safari.

Nilirudi Kabambare na beseni moja kichwani. Sikuwa na shamba, lakini kijito hakina kikao cha ukoo. Wanawake wa Lubiba walinionyesha sehemu ya ukingo iliyobaki wazi, nikachimba shimo langu la kuloweka, nikaanza kununua muhogo mchungu kwa wenye mashamba, nikatengeneza chikwanga, mkate wa muhogo unaofungwa majani, nikapeleka Salamabila kwa wachimba dhahabu. Nilipogundua kwamba wanakula zaidi siku wanapokosa dhahabu kuliko siku wanapopata, nikapanga safari zangu kwa siku zile za kukosa. Hakuna aliyenifundisha. Nilihesabu.

Halafu nikafanya ule ujinga wangu wa javeli, ile dawa kali ya usafi, ambao watu wa Lusangi mpaka Salamabila bado wanautania.

Ulikuwa mwaka wa kipindupindu. Muuguzi alipita akitufundisha usafi, akasema mikrobe ni adui, ipigwe na javeli. Alisema kweli, na watoto wengi walipona kwa maneno yake. Lakini alikuwa anaongea mambo ya choo na maji ya kunywa. Mimi ndiye niliyebeba maneno ya choo nikayapeleka kwenye shimo la muhogo. Nilitaka kuwa muuza chikwanga msafi kuliko wote, niwapite wenzangu. Nikamwaga maji yote, nikakwangua ule utelezi mweusi wa ukutani mpaka udongo mwekundu ukaonekana, nikamimina javeli, nikaacha shimo linang'aa. Nilikuwa nimeweka mikrobe zote za dunia kwenye ukoo mmoja, ukoo wa wauaji.

Muhogo niliouloweka mle ulikaa siku zake zote, ukatoka mgumu kama kuni. Nikaongeza siku, ukaanza kuoza pembeni, katikati bado mgumu. Ule uliolainika kidogo nikautwanga hivyohivyo, kwa sababu wateja walikuwa wananingoja. Salamabila, mchimbaji mmoja aliishika chikwanga yangu, akaigonga kwenye mti.

“Mama Angelani, hii ni chikwanga ao tofali?”

“Kula, acha maneno.”

“Ulete ingine, tumalize kujenga.”

Walicheka kambi nzima. Nilichukua beseni zangu nikarudi nazo zimejaa, na njiani niliogopa kitu kikubwa kuliko aibu. Muhogo wetu mchungu una sumu, na sumu haitoki kama haukulowa sawasawa. Umewaona watu ambao miguu yao imekauka kwa sumu hiyo. Mimi ningeweza kuwa nimewalisha watu hiyo, kwa ajili ya usafi. Ile chikwanga yote niliitupa kwenye shimo la taka, hata mbuzi sikumpa.

Mama Feza, yule mzee ambaye shimo lake liko juu kidogo ya langu, alinikuta nimekaa ukingoni. Alichungulia shimo langu safi, akasema, “Eh! Umeliogesha kama bibi arusi.” Akaenda kwenye shimo lake, akachota maji meusi nusu beseni pamoja na vipande viwili vya muhogo uliolainika, akavimwaga ndani ya langu. Hiyo ndiyo desturi ya Lubiba: shimo la mwenzako likifa, unampa mayi ya zamani. Hayalipiwi, wala hushukuru. Unasubiri mpaka la mwingine life, nawe unatoa. Mzigo wa kwanza ulitoka nusunusu, wa pili ukatoka vizuri, na wa tatu nikauuza wote, mpaka majani ya kufungia.

Sasa angalia nilichokuwa nataka kukuonyesha. Jana, tukifunga begi lako, ulinishika mkono ukaniambia, “Mama, nimeshaamua. Nitaiita jina lako. Angelani. Itabaki.” Mimi nikasema moshi umeniingia machoni, nikatoka. Jiko lilikuwa halijawashwa. Nilitamani, Mwamini. Usidhani sikutamani. Mwanamke aliyefutwa kwenye hesabu mbili, halafu aingizwe kwenye hesabu ambayo hakuna Salumu wa kumfuta! Nilikaa nje nikalitamka jina langu kwa ile lugha yenu ya Kilatini, au niliyodhani ni Kilatini. Lilikuwa tamu.

Halafu nikapiga hesabu, kwa sababu ndiyo dawa yangu nikilewa. Tuko wanawake tisa pale Lubiba. Mashimo sita nayajua, yalipata mayi ya zamani kutoka kwa Mama Feza, la kwangu likiwamo. Yeye alipata kwa mama mkwe wake, na yule alipata juu zaidi ya kijito kwa mtu ambaye hakuna anayekumbuka jina lake. Kwa hiyo mikrobe uliyoitoa kwenye shimo langu siyo yangu. Mimi niliua zangu zote. Ile uliyoibeba ni ya matope ya Mama Feza, na ya wale waliomtangulia. Ukiandika Angelani, utakuwa umefanya alichofanya Salumu siku ya mashamba: unamhesabu mmoja, unafuta wengine. Sikulia miaka yote ile kwa sababu ya kufutwa ili nije nifute mimi.

Kwa hiyo nakataa pia. Muheshimiwa nimemkataa kwa furaha, jina langu nimelikataa kwa maumivu, lakini nimelikataa.

Iite jina la kijito. Ulisema inawezekana, Lubibella, na kwamba maana yake ni kama mdogo wa Lubiba, wa kike. Lubiba haina chama. Haiwezi kushinda uchaguzi wala kushindwa. Na siku mtu wa Japani au wa Brazili atakapolisoma jina hilo na kuuliza limetoka wapi, itabidi atafute kwenye ramani, akose, atafute tena, mpaka afike Kabambare. Mbona sisi tumekariri shuleni mito yao yote?

Nakujua, najua utakachojibu. Utasema nimekuharibia safari kwa ajili ya maneno. Utasema wenzako wataingia labo wiki hii na wewe utakuwa bado kwenye boti ya Ubundu, umelala juu ya magunia ya watu. Ni kweli. Moto itakuchukua alfajiri mpaka Kasongo, utalala kwa mjomba wako, yuleyule wa “ukahesabiwe kule.” Nimempigia simu. Sikumwomba, nimemwarifu. Akasema, “Aje, chumba iko.” Umeona, hata yeye anapangika upya, mradi mtu amlazimishe. Kutoka kwake utaendelea mpaka Kindu, na kutoka Kindu utashuka na mto mpaka Ubundu. Utachoka, utaumwa mgongo, na hakuna mtu mjini Kisangani atakayeweza kukupigia simu kukukumbusha nani alikuleta.

Mimi ni yuleyule aliyetaka usome komersi, mambo ya biashara, nikisema biolojia hailiki. Ulilia wiki nzima ukaenda biolojia, nikakupa kisogo. Nilikosea. Hesabu zangu zilikuwa sawa, niliyempigia hesabu ndiye hakuwa wewe. Kwa hiyo sitajifanya sikosei safari hii. Labda ile ndege ilikuwa ndege tu. Labda ningenyamaza, ungeipanda, ungefika, ungewadanganya wote na kuandika Lubiba. Nimeliwaza hilo pia wakati mjumbe akisubiri jibu. Lakini aliyekula cha mtu kwa ahadi, mkono wake unakuwa mzito siku ya kuandika. Nimeona wanaume wakubwa kuliko wewe mikono ikiwawia mizito.

Nilichokirudisha mimi ni ndege. Jina sijalirudisha kwa mtu, bado liko mdomoni mwako, na profesa alisema ni wewe. Ukifika kule ukaona sababu nzuri kuliko zangu, ya kweli, ya kazi, siyo ya kiti na miwani, liite unavyoona. Sitakuuliza. Nitauliza tu kama lilikutoka bila kulipwa na mtu.

Na kama watasema kijito hakijulikani, kingoje. Kama watakucheka, wangoje nao. Uliniogopesha juzi uliposema labo nyingine duniani inaweza kuikuta mikrobe hii kwenye matope yao na kututangulia kulitangaza jina. Nililiwaza usiku kucha. Basi watutangulie! Watakuwa wamelipata jina, na sisi tutaendelea kula. Hiyo mikrobe imelainisha muhogo wa watu hapa bila kuitwa chochote tangu kabla ya bibi wa Mama Feza, haijawahi kugoma siku moja kudai iitwe. Wenye haraka ni sisi. Afadhali ibaki na ile namba ya labo miaka mitano, uimalize elimu yako, kuliko ipate leo jina la mtu ambaye hajawahi kulowa miguu Lubiba.

Nimesikia sauti yako njiani, unawacheka watoto wa Salumu. Karatasi hii nitaiweka juu ya begi, siyo ndani, uione kabla ya kulala. Njoo jikoni ukishamaliza kuisoma, hata ukiwa na hasira. Piga kelele unavyotaka, Salumu asikie na ukoo wote usikie. Halafu kesho panda moto yako bila deni la mtu yeyote, utazame mbele.

Mama yako,
Angelani, wa Lubiba